Bosi aliyenishtaki ndiye mwenyekiti wa kamati ya nidhamu, nifanyeje?

Mtu_wa_Stoo:
Wakuu habari zenu, naombeni ushauri. Mimi mtumishi wa umma, niko stoo, jana nimepewa barua ya kujieleza, imeandikwa tu "utovu wa nidhamu na kusababisha hasara", basi, hakuna tarehe, hakuna mzigo gani wala kiasi gani, na natakiwa nijibu ndani ya siku 2. Nimeomba kuona leja na vocha naambiwa hizo ni nyaraka za ofisi. Kilichonimaliza ni kwamba mkuu wa idara aliyenilalamikia ndo huyo huyo mwenyekiti wa kamati. Jamaa mmoja ofisini ananiambia nisijibu chochote, nisubiri wanifukuze halafu nikawalipue mahakamani. Ni kweli? Na nimeshasimamishwa kazi, si ndo wameshanihukumu hivyo?

Bi_Makabrasha:
Usinyamaze!! Huyo jamaa anakupoteza, ukikaa kimya wataandika "alipewa nafasi hakuitumia" na huko mbele utaanza kuhangaika. Jibu leo leo hata nusu ukurasa, kwamba unakana tuhuma, huwezi kujibu kitu usichokijua, wakutajie mzigo upi, lini, hasara kiasi gani, wakupe nakala za leja na muda wa kutosha. Halafu andika wazi kwamba unampinga huyo mwenyekiti kwa sababu ndiye mlalamikaji, mtu hawezi kulalamika mwenyewe akaamua mwenyewe. Peleka nakala 2, moja wagonge muhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Wengi pingamizi wanalikumbuka kwenye rufaa, wanaulizwa siku ile ulikaa nao meza moja mbona hukusema, wanabaki wanang'aa macho.

Kusimamishwa kupisha uchunguzi sio adhabu, ni ili usiguse ushahidi. Ila ukikaa mwaka hujaletewa mashtaka, hiyo sasa ni adhabu imepitia mlango wa nyuma. Soma barua inasemaje kuhusu mshahara.

Nilishakaa_Kamati:
Mnisamehe ila nitasema. Nimekaa hizo kamati, wapo wanaokuja na taratibu tu, ukimuuliza mzigo uko wapi anakwambia barua haikuwa na tarehe. Ukishinda kwa utaratibu peke yake mara nyingi shauri linarudishwa lianze upya, hujasafishwa hapo. Kwa hiyo jiandae na vyote viwili, nani alikuwa na funguo, nani alisaini, zamu ilikuwa ya nani. Na msidhani huku ni kama jinai mpaka shaka yote iishe, sehemu nyingi wanaangalia tu kipi kina uwezekano mkubwa kuwa kweli. Ila kuficha leja hapana, hata sisi tulikuwa tunatoa.

Wakili_wa_Jioni:
Mkuu hapo juu yuko sawa ila asimtishe mtu. Kuna kesi ya Uingereza, Ridge v Baldwin, mkuu wa polisi wa Brighton alishtakiwa kwa njama akaachiwa huru 1958, ila jaji alimsema vibaya kweli kweli, basi kamati iliyokuwa inasimamia polisi ikamfukuza bila kumwambia mashtaka wala kumsikiliza kwanza. Mwaka 1963 House of Lords, ndo ilikuwa mahakama ya juu kabisa kule, ikasema uamuzi ule batili. Yaani hata anayeonekana kabisa kachafuka anasikilizwa kwanza. Mkataba namba 158 wa Shirika la Kazi Duniani wa 1982, ibara ya 7, nao unataka mtu apewe nafasi ya kujitetea kabla hajaachishwa kazi kwa mwenendo wake, ila huo unabana nchi zilizouridhia. Wewe anza na kanuni za utumishi za kwenu, angalia kama unaruhusiwa kwenda na mtu wa chama cha wafanyakazi, usiende peke yako.

Mtu_wa_Stoo:
Asanteni sana, nimepeleka. Karani alisita kugonga muhuri, nikamwambia basi nasubiri hapa hapa, akagonga. Muda wameongeza, leja bado, ya mwenyekiti wamekaa kimya. Swali la mwisho, kabla sijasimamishwa nilizipiga picha kurasa kadhaa za leja kwa simu, nizipeleke?

Wakili_wa_Jioni:
Usimwonyeshe mtu kwanza! Kaa na wakili azione, wasije wakakuongezea shtaka la kutoa nyaraka ofisini. Wewe endelea kuwadai leja yenyewe, kwa maandishi.