MREJESHO: Faili la chipu ya sauti lililokosekana kwenye MAME

Wakuu, nilikuja hapa nikilalamika kwamba mchezo wa Super Street Fighter II unagoma kufunguka kwenye MAME (programu ya kuchezea michezo ya zamani ya mashine kwenye kompyuta), inaniambia faili la dl-1425.bin halipo. Limekwisha, mchezo unapiga kelele kama zamani.

Kosa langu la kwanza: nilidhani faili la mchezo lenyewe ni bovu, nikalibadilisha mara tatu bure. Kumbe dl-1425.bin si ya mchezo huo peke yake. Ni programu iliyo ndani ya chipu ya sauti ya QSound, ambayo michezo mingi ya kampuni ya Capcom ya mtambo wa mashine za michezo uitwao CPS-2 inaitumia, kwa hiyo MAME inaiweka kwenye faili lake la zipu la pembeni, qsound_hle.zip. Aliyeniambia nisome ujumbe wa kosa hadi mwisho, asante sana. Jina la zipu lilikuwa palepale kwenye mabano, mimi nimeishia neno la kwanza!

Nikaiweka zipu hiyo kwenye folda ya roms (ya mafaili ya michezo) bila kuifungua. Bado ikagoma. Hapo nusura nikate tamaa, mpaka nilipoona kompyuta imeiita "qsound_hle (1).zip" kwa sababu niliipakua mara mbili. Nikafuta hiyo (1), nikaendesha amri ya kukagua mafaili ya mchezo, mame -verifyroms ssf2, majibu yakaja safi.

Swali dogo limebaki: sauti inachelewa kidogo nikibonyeza kitufe. Nitalifungulia mada yake.