Naomba ushauri: namna ya kurekodi simulizi za bibi kuhusu Maji Maji

Habari zenu wakuu. Bibi yangu yuko Umatumbini, Kilwa, ana miaka 88. Anasimulia vita vya Maji Maji dhidi ya Wajerumani, 1905 hadi 1907, kama alivyosikia kwa bibi yake. Kung'oa pamba kule Nandete vita vilipoanza, mganga Kinjikitile aliyegawa maji ya dawa kunyongwa, hayo anayapita haraka, shuleni tumeyasoma. Akifika kwenye njaa, Wajerumani walipochoma nyumba na maghala ya chakula, anashusha sauti na kukunja kiganja kunionyesha ming'oko (mizizi ya porini) waliyogawana kwa siku. Njaa ndiyo iliyoua watu wengi kuliko risasi, na simulizi yake ndiyo naogopa itapotea na bibi.

Mwaka 1968 wanafunzi wa historia wa Chuo Kikuu Dar es Salaam walizunguka kusini kukusanya masimulizi ya wazee. Mimi nina simu tu. Waliosomea historia nisaidieni: nimuulize vipi bila kumlisha maneno? Nimrekodi kwa Kimatumbi, ambacho sikijui vizuri, au Kiswahili? Na anapotaja koo zilizowasaidia Wajerumani, wajukuu wao bado majirani zetu, niyahifadhi majina hayo? Naenda wiki ijayo.