Nimeshitakiwa peke yangu kwa kiwanja nilichouziwa, muuzaji hayumo. Namwingizaje kwenye kesi?

Tofali Bichi:
Wakuu, salaam. Mwaka 2015 nilinunua kiwanja huku pembezoni mwa Dar kwa milioni 9. Karatasi ya mauziano iliandikwa kwa mkono, serikali ya mtaa wakagonga muhuri, chao wakachukua. Nimejenga vyumba vitatu na sebule, mwembe niliopanda unazaa. Mwezi huu naletewa samansi ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Anayenidai ni dada wa aliyeniuzia. Anasema eneo ni la marehemu baba yao, halijagawanywa, kaka yake hakuwa na mamlaka ya kuuza. Kaka mwenyewe hayumo kwenye madai, na simu yangu hapokei.

Nataka kumwingiza huyo kaka, na serikali ya mtaa pia maana ndio waliogonga muhuri. Mshitakiwa anaruhusiwa kuongeza watu, au mpaka mwenye kesi akubali? Inatajwa wiki mbili zijazo. Wakili sijaweka, mfuko umetoboka. Nawasilisha.

Kisiki:
Pole mkuu. Hao lao moja. Wakishakutoa, kiwanja kinauzwa tena na kaka anapata mgao wake.

Pilato wa Uswazi:
Kwanza wewe ni mdaiwa, si mshitakiwa, hujaiba kitu. Pumua.

Ridhaa ya dada huihitaji. Baraza lina mamlaka ya kumuunganisha mtu yeyote ambaye bila yeye mgogoro hauwezi kumalizwa, na linaweza kufanya hivyo hatua yoyote ya shauri. Soma Amri ya 1, Kanuni ya 10(2) ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Mabaraza huitumia pale kanuni zao zinapokuwa kimya. Na muuzaji kwenye kesi ya ardhi iliyouzwa si mpita njia. Kuna uamuzi wa siku nyingi wa Mahakama Kuu, Juma Kadala dhidi ya Laurent Mnkande wa 1983: anayedai kurudishiwa ardhi iliyouzwa lazima awaweke muuzaji na mnunuzi pamoja.

Sasa tofautisha milango miwili. Akiunganishwa kama mdaiwa mwenzako, anakuja kujibu madai ya dada yake. Lakini kama unataka Baraza liseme "ukishindwa, huyu akurudishie milioni 9 na gharama ya nyumba", hiyo ni notisi ya mtu wa tatu, kuanzia Kanuni ya 14 ya Amri hiyo hiyo. Unaomba kibali kwa kiapo cha maandishi: dada anadai nini, kesi imefika wapi, wewe unadai nini kwa kaka na kinahusianaje na madai ya dada, jina lake na anapopatikana. Asipopatikana, omba kibali cha kumtangaza gazetini.

Ila utetezi wako wa maandishi uwasilishe ndani ya siku zilizoandikwa kwenye samansi. Watu wanahangaika na muuzaji, siku zinapita, kesi inasikilizwa upande mmoja.

Na dada anadai kama nani? Mali ya marehemu inadaiwa na msimamizi wa mirathi. Kama hana barua za usimamizi, weka pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria inayoamuliwa kabla kesi haijasikilizwa.

Ngarawa:
Serikali ya mtaa waburuze tu, wamezidi kula hela za watu.

Pilato wa Uswazi:
Ngarawa, usimpoteze mwenzio. Ukiigusa serikali ya mtaa umeigusa halmashauri. Hapo inatakiwa notisi ya siku 90 kabla ya kuishitaki, na tangu marekebisho ya sheria ya 2020 Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, na shauri ni la Mahakama Kuu. Baraza litasema halina mamlaka. Mwenyekiti aliyegonga muhuri aitwe kama shahidi, inatosha.

Mama Zawadi:
Mimi nilikuwa upande wa huyo dada. Nilimdai mnunuzi nikamwacha muuzaji kwa kuwa ni mjomba wangu, niliona aibu kumsimamisha barazani. Nikashinda. Mnunuzi akakata rufaa, Mahakama Kuu ikafuta mwenendo wote, tuanze upya na mjomba awemo. Miaka minne imeyeyuka, na mjomba hasemi na mimi hadi leo.

Tofali Bichi:
Dah, Mama Zawadi, pole. Nimerudi na habari. Nimefukua ile karatasi, ilikuwa ndani ya Biblia ya mke wangu. Wino umefifia lakini shahidi wa pili wa muuzaji anasomeka, ni baba yao mdogo, dole gumba lake lipo. Mzee yu hai, anakaa nyuma ya msikiti. Naye nimuunganishe?

Pilato wa Uswazi:
Hapana! Huyo hakuuza wala hadai kitu, ni shahidi wako. Toa nakala tatu za karatasi, halisi ifiche. Halafu kamuone mzee kabla hao ndugu hawajamfikia. Kwa kile kiapo cha kuombea kibali, nenda kituo cha msaada wa kisheria, wanaandika bure kwa asiye na uwezo.

Tofali Bichi:
Nimetoka kwake sasa hivi. Anakumbuka hadi rangi ya shati nililovaa. Anasema siku ile dada mtu ndiye aliyetupikia chai.

Kisiki:
Hahaha! Mkuu, andika hilo kwenye utetezi.