Shoti ndefu za mashambani: filamu ya mm 16 au dijitali?

Shoti_Moja: Wakuu, nalinganisha njia mbili kwa filamu tulivu kuhusu kijiji na mashamba yake. Shoti 20 hivi, kamera haisogei, kila moja dakika 10, hakuna msimulizi. Mm 16 au dijitali ya 4K?

Gurudumu: Anza na urefu wa shoti. Rili ya futi 100 kwa fremu 24 kwa sekunde inaisha kwenye dakika 2 na sekunde 45 hivi. Dakika 10 zinadai kamera ya mota inayobeba futi 400, ambazo ni dakika 11. Kamera ya Bolex ya kukaza springi iache, inasimama kwenye sekunde 28 tu. Kabla ya kila rili mulika geti (kidirisha nyuma ya lenzi ambamo filamu hupigwa mwanga) kwa tochi: unywele mmoja ukinasa pale utachezacheza pembeni mwa fremu shoti nzima, na hutaujua mpaka filamu isafishwe.

Kivuli: Dijitali, basi. Kwa kasi ya kurekodi ya Mbps 100 (megabiti kwa sekunde) ni GB 45 kwa saa, kwa hiyo shoti zote 20 ni kama GB 150, na kurudia shoti hakuumizi. Ila kamera haitulii kwa sababu tu ina tripodi. Zima kitulizi cha picha, maana kinaweza kusaka mtikisiko usiokuwepo na fremu ikaanza kuelea. Fokasi iwe ya mkono, rangi ifungwe kwenye 5600K, yaani mwanga wa mchana. Mwangaza nao ufunge. Wingu likipita shamba lote likaingia giza, hilo ndilo tukio lenyewe. Kamera ikijirekebisha imelifuta.

ND (kichujio cheusi cha kupunguza mwanga): jua kali, ISO 100, shata 1/50, tundu la lenzi linaangukia f/22, dogo mno. Ukitaka tundu pana la f/5.6 punguza stopu 4 (kila stopu ni nusu ya mwanga), yaani ND 1.2. ND ya kuzungusha usiiweke kwenye lenzi pana, ukiikaza sana itachora msalaba mweusi angani.

Gurudumu: Sawa, lakini mawingu meupe ya mchana negativu huyavumilia kuliko sensa. Kwenye dijitali pima mwanga wa anga kwanza, vivuli utavipandisha baadaye.

Sikio: Mnabishania picha tu! Kwa shoti ya dakika 10 sauti ndiyo inayomshikilia mtazamaji. Kinasa sauti kiwe peke yake, 48 kHz, biti 24, maikrofoni ndani ya kikapu chenye manyoya. Sponji haiwezi upepo wa uwanda wazi. Kata mivumo mizito iliyo chini ya Hz 80. Kamera ya mm 16 isiyozibwa mlio itasikika kwenye kila ukimya, na hapo kwangu mjadala umekwisha.

Shoti_Moja: Na nikitaka kugeuza kamera taratibu mara moja moja?

Kivuli: Mti utumie si chini ya sekunde 7 kuvuka fremu kutoka ukingo hadi ukingo. Ukiharakisha, picha inarukaruka. Na usiinue nguzo ya kati ya tripodi, upepo utaichezea. Tundika mkoba mzito chini yake, ila uguse ardhi kidogo usije ukabembea.