Ushauri: Filamu ya Ozu imenigusa kwenye ndoa yangu, nimweleze mke wangu?

Mtoa mada:
Wakuu, habari za jioni. Nyumbani hatugombani ila tumechokana, tunaongea ada na luku basi. Kazini kuna dada tumezoeana, sasa anataka tutoke Jumamosi. Juzi nimeangalia Early Spring, filamu ya mwongozaji Mjapani Yasujirō Ozu, ya 1956. Shoji, karani wa kampuni ya matofali Tokyo, alifiwa na mtoto, na yeye na mkewe Masako wamekuwa mbalimbali. Anaangukia kwa binti mmoja wanayemwita Goldfish, mpaka Masako anakuta alama ya rangi ya mdomo. Usingizi umekata. Mimi sijafanya kitu. Nimweleze mke wangu, au nijitoe kwa huyo dada kimyakimya?

BintiMwambao:
Kaka, umemtazama Shoji tu. Tafuta filamu ya Repast ya Mjapani mwingine, Mikio Naruse, 1951, umwone Michiyo, mke wa nyumbani pale Osaka. Kutwa yuko jikoni, mume yuko na gazeti anasubiri wali. Akija mpwa wake kutoka Tokyo, msichana mbichi, mume huyohuyo anachangamka! Michiyo anakwenda kwao Tokyo, na huko kuna binamu anayemtazama kama mtu. Mkeo naye kachoka. Umemuuliza?

Mzee wa Reli:
Kijana wangu, Jumamosi usiende, hayo mengine yatafuata. Ukimweleza habari za huyo dada utamwachia kazi ya kulinda simu yako. Mweleze upweke wako. Shoji anahamishiwa Mitsuishi, mbali kabisa, na Masako anamfuata. Hakuna vilio wala kukumbatiana, wanaongea.

Nyota ya Jioni:
Na huyo dada wa kazini je? Goldfish aliwekwa kikao na wenzake kwenye mlo wa tambi, Shoji hayupo. Sehemu ile iliniuma sana. Ukijitoa kimyakimya, umbea wote utamwangukia yeye. Mwambie kwa heshima, na mapema.

Mtoa mada:
Mzee shikamoo, nimekuelewa. Nyota, nimeshamwambia siendi, kapokea vizuri. Kwa mke wangu ndiyo sijui naanzia wapi.

BintiMwambao:
Anzia jikoni. Ozu ana nyingine ya 1952, The Flavor of Green Tea over Rice. Usiku, msaidizi amelala, mume na mke wanajitafutia wali na chai, hata vyombo hawajui viko wapi, na hapo ndipo mke anafunguka. Watoto wakilala ingia naye, menya vitunguu, muulize siku yake ilikuwaje. Halafu nyamaza umsikilize.