Direkta akishasema maana ya muvi, mjadala ndo umefungwa?

Wakuu heshima kwenu. Nimebishana na rafiki yangu kuhusu ile muvi ya Blade Runner na mpaka sasa roho haijatulia. Mimi nimeitazama mara tatu na naona kabisa Deckard, yule mhusika mkuu, ni binadamu, maana uzito wote wa ile stori uko hapo, binadamu anawinda watu wa kutengenezwa halafu wao ndo wanaonekana kuyapenda maisha kuliko yeye. Jamaa akanikata, eti direkta Ridley Scott mwenyewe kashasema Deckard naye ni wa kutengenezwa, yameisha. Sasa sisi watazamaji tunabaki na nini?

Jibu 1
Hayajaisha mkuu. Harrison Ford aliyeicheza hiyo nafasi alipinga miaka na miaka, yeye alitaka mtazamaji apate binadamu mmoja wa kuwa upande wake. Wote wawili walikuwepo wakati inapigwa, sasa utamfuata nani? Rudi kwenye picha.

Jibu 2
Kwanza mmetazama kopi ipi? Ya 1982 ina sauti ya Deckard akisimulia na mwisho wa furaha, yeye na Rachael, yule mwanamke wa kutengenezwa, wako kwenye gari wanaondoka zao. Ya 1992 hayo yametolewa, ikaongezwa sini fupi sana, Deckard kakaa kwenye piano anawaza, mara farasi mweupe mwenye pembe moja anakimbia msituni. Basi. Sasa nenda mwishoni pale wanapotoka, mguu wa Rachael unagusa kitu sakafuni, Deckard anaokota, ni kikaratasi kimekunjwa umbo la farasi huyohuyo, kaacha Gaff, yule polisi mwenzake. Kikaratasi kipo kopi zote mbili! Ila ya 1982 kinakwambia tu Gaff alifika na akamwacha Rachael aishi, ya 1992 kinakwambia Gaff anajua mpaka anachoota Deckard, kama Deckard alivyozijua kumbukumbu za kupandikizwa za Rachael. Sini moja ya katikati imegeuza maana ya mwisho wote. Hiyo ndo kauli ya direkta ninayoiheshimu mimi, aliyoiweka kwenye mkanda, ya kwenye mahojiano ni maoni kama yako.

Jibu 3
Nakubali ila hata hiyo ya 1992 haimalizi kesi, huyo farasi anaweza kuwa Rachael mwenyewe, kiumbe wa peke yake.

Mleta mada
Duh, mara zote tatu nimetazama yenye sauti, huyo farasi wa msituni sijawahi kumwona kabisa. Naitafuta ya 1992 leo leo na jamaa nitamkalisha hapo tuitazame wote.