IST inalia kwi-kwi mbele kushoto kila nikipita tuta, nimeshabadili shokapu na bado

MamaVitafunio, Kinyerezi

Habari za jioni wakuu. Naombeni msaada wenu kabla sijatoa hela nyingine.

Nina Toyota IST ya 2004, ile ya injini ndogo ya 1.3. Ndilo gari la kazi. Natoka Kinyerezi saa kumi na moja alfajiri na ndoo za sambusa, chapati na maandazi, napitia Tabata na Buguruni, namalizia Posta. Barabara yetu ya mtaani ni ya vumbi na ina matuta matatu, naipita watu bado wamelala, na gari linalia kama kitanda cha chuma cha zamani. Kwiii-kwi, kwiii-kwi. Jirani yangu mwenye kichanga ameshanisemesha mara mbili, kwa upole kabisa, na mimi naumia kwa sababu najua usingizi wa mtoto ulivyo mgumu kupatikana.

Sauti inatoka mbele kushoto, upande wa abiria. Inakuja nikipita tuta polepole, nikiingia shimoni, hata mtu akikaa kwenye kiti. Nikishika kasi kwenye lami siisikii. Nikikanyaga breki haibadiliki. Nikikata usukani gari likiwa limesimama, kimya. Kipindi cha masika sikuisikia kabisa, imeanza mwezi wa sita. Na kitu kimoja kinanishangaza: nikitoka kuosha gari, linatulia siku nzima, kesho yake linaanza tena.

Gereji ya kwanza waliniambia shokapu zimekufa. Nikanunua mbili za mbele, pamoja na ufundi ikafika laki mbili na themanini. Sauti iko palepale. Gereji ya pili wakasema stabilaiza linki (kale kachuma kanakoshika nondo ya kuzuia gari kulala kwenye kona), elfu sitini, sauti iko palepale. Juzi fundi wa tatu ameniambia ni reki ya usukani, ile inayogeuza tairi, niandae laki nne. Laki nne kwangu ni unga na mafuta ya wiki mbili.

Bushi za wishiboni (zile raba za maungio ya mkono wa chuma unaoshika tairi kwa chini) msizihesabu, maana nilibadilisha zote mwezi wa pili, mpya za dukani.

Kaka wa Segerea

Pole sana dada. Vitz yangu ililia hivyohivyo, kumbe breki pedi zimeisha. Anzia hapo, ni rahisi.

Dereva Bolti

Mwambie fundi apake oili chafu kwenye bushi zote za chini. Sauti inakufa hapohapo, buku tano tu.

Mzee wa Spana, Ilala

Dada, usitoe hiyo laki nne. Na tafadhali sana, oili chafu isiguse hizo raba. Bushi nyingi ni raba ya asili, na mafuta ya injini yanaivimbisha na kuilainisha. Utanyamazisha wiki moja, halafu raba inakuwa kama kashata iliyolowa. Oili hiyohiyo inanasa vumbi la Kinyerezi, ikawa msasa.

Kaka wa Segerea, breki ingekuwa ndiyo, angesikia tofauti akikanyaga. Ameshasema haibadiliki.

Nimelala chini ya magari hapa Ilala tangu 1994, na nakuambia dada umeshalijibu swali lako bila kujua. Gari likioshwa linanyamaza, masika lilikuwa kimya. Hiyo ni raba kavu inayosugua chuma. Maji yakiingia katikati yanakuwa kilainishi, yakikauka kelele inarudi. Boli jointi (kiungo kinachounganisha wishiboni na upande wa tairi) iliyokauka nayo inalia, lakini yenyewe imefungiwa ndani ya mfuko wake wa raba, maji ya kuoshea hayaifikii mfuko ukiwa mzima. Maunti ya shokapu (kishikio chake cha juu) na beringi yake mara nyingi hulia ukikata usukani umesimama, na wewe umesema hapo ni kimya. Reki ikichoka utasikia kugonga kwenye usukani, au usukani utacheza, au itavuja. Kwi-kwi ya mtu kukaa kwenye kiti siyo lugha yake.

Sasa fanya hivi, na hakuna hela hapa. Chukua chupa ya maji ya nusu lita, toboa kifuniko kwa sindano ya moto. Gari liwe limekauka, kwenye sakafu iliyonyooka, tairi zote chini. Kata usukani wote kulia ili tairi la kushoto lifungue nafasi uone ndani. Mtu mmoja akandamize kona ya gari juu ya tairi la kushoto, ashushe na kuachia, ashushe na kuachia, mpaka kelele itoke yenyewe bila kukosa. Wewe uchuchumae pembeni na tochi. Usiingie chini ya gari lililobebwa na jeki peke yake, hata kwa dakika moja. Nimemzika rafiki kwa sababu hiyo.

Mwagia maji sehemu MOJA tu. Anza na raba ya stabilaiza, ile iliyofungwa na kibati kwenye fremu, umbo lake kama herufi D. Kandamizeni mara kumi. Ikiendelea kulia, nenda bushi ya nyuma ya wishiboni. Kandamizeni tena. Halafu bushi ya mbele ya wishiboni, ile yenye bolti inayopita katikati. Sehemu utakayomwagia na kelele ikakatika, hiyo ndiyo yako. Ukimwagia zote kwa pamoja umeharibu kipimo, subiri mpaka kesho likauke. Hili kosa nawaona mafundi wanalifanya kila siku: wanapuliza dawa kila mahali, kelele inakatika, halafu hawajui kilichokata.

Na hizo bushi "mpya" usizitoe kwenye hesabu. Mimi ndizo ninazoanza kuzishuku. Niambie kitu kimoja: siku wanazifunga ulikuwepo? Walikaza bolti gari likiwa limenyanyuliwa, tairi zinaning'inia?

MamaVitafunio

Shikamoo mzee. Ndiyo, nilikuwa nimekaa kwenye benchi naangalia. Gari lilikuwa juu, tairi wamezitoa. Wakafunga, wakakaza kwa nguvu na spana ndefu, ndipo wakarudisha tairi wakashusha. Kuna ubaya hapo? Kwa macho yangu ndivyo wanavyofanya wote.

Mzee wa Spana, Ilala

Marahaba mwanangu. Ndivyo wanavyofanya wengi, na ndiyo maana bushi zinakufa mapema watu wakalaumu spea.

Bushi ina bomba la chuma nje, bomba dogo la chuma ndani, na raba iliyogandishwa kwenye yote mawili. Ukikaza bolti, bomba la ndani limebanwa na fremu, halizunguki tena milele. Tairi likipanda na kushuka, kinachofanya kazi ni raba kujinyonga kidogo kwenda na kurudi. Hakuna kinachoteleza mle ndani.

Sasa wewe umekaza wakati wishiboni imelala chini kabisa kwa kuning'inia. Raba imeshika hapo, inaamini hapo ndipo nyumbani. Gari likishuka, wishiboni inapanda, na raba inakaa imenyongwa hata ukiwa umepaki nyumbani umelala. Ni kama mtu anayelala shingo imepinda kila usiku. Ongeza ndoo zako za sambusa, ongeza mashimo, inachanika pale iliposhikana na chuma. Ikishachanika ndipo inaanza kuteleza, na raba kavu ikiteleza kwenye chuma inalia kwi-kwi.

Bolti hizo zinakazwa mwisho wakati gari limebeba uzito wake. Kama gereji ina shimo, gari linasimama juu ya shimo kwa tairi zake na fundi anakaza kutoka chini. Kama hawana shimo, gari likae kwenye stendi imara, halafu jeki iwekwe chini ya wishiboni karibu na boli jointi, ipandishwe mpaka gari lianze kuiachia stendi kidogo. Hapo ndipo ukaze.

Fanya kipimo cha maji kwanza. Usiniamini mimi mpaka chupa ikubali.

Baba Noah

Mzee samahani kudandia. Noah yangu haisemi kwi-kwi, inasema ko-ko-ko kwenye rasta. Je, ni bushi pia?

Mzee wa Spana, Ilala

Ko-ko nyepesi na ya haraka kwenye rasta, anza na stabilaiza linki. Ishike kwa mkono uitikise gari likiwa chini, ikicheza, imekwisha. Lakini kagua boli jointi siku hiyohiyo. Tairi linyanyuke kidogo, gari liwe kwenye stendi, weka nondo chini ya tairi usukumie juu. Ukiona inapanda na kushuka, usisafiri nalo. Boli jointi ikichomoka tairi linalala na usukani hauna kazi tena. Kelele nyingine zinaweza kusubiri mshahara, hiyo haisubiri.

MamaVitafunio

Nimerudi wakuu. Samahani ni ndefu kidogo.

Jumapili mdogo wangu alikandamiza, mimi nikashika chupa na tochi ya simu. Kelele ilitoka vizuri kabisa. Nikamwagia ile raba ya D: bado inalia. Bushi ya nyuma: bado. Bushi ya mbele, nilimimina taratibu, maji yakatelemka kwenye ukingo wa raba, na mdogo wangu alipokandamiza mara ya nne ikakatika. Kimya. Tukakandamiza tena na tena, kimya. Nilikaa palepale chini kwenye vumbi nikaanza kuhesabu: laki mbili na themanini, elfu sitini, na laki nne nilizokuwa nataka kwenda kukopa. Yote hayo mbele ya chupa ya maji.

Jumatatu nikaenda kwa fundi mwingine, kijana tu, ana shimo. Nikamweleza kama mzee alivyoeleza. Alitoa wishiboni akanionyesha kwa kidole: raba imeachana na bomba la nje karibu nusu mduara, na pale ilipoachana chuma kimesuguliwa kinang'aa kama sarafu mpya. Upande mwingine bado imeshika. Raba yenyewe haikuwa imechakaa, ilikuwa nyeusi na laini, ya miezi mitano. Akafungua na ya kulia tukaiangalia: haijaachana, lakini ufa umeanza. Nikasema tubadilishe zote mbili.

Alizitoa kwa presi, hakugonga kwa nyundo. Alipofunga alikaza kwa mkono tu, akashusha gari, akaniambia nikae ndani na ndoo zangu tupu nizipakie nyuma. Akalitikisa gari mara kadhaa likae sawa, ndipo akaingia shimoni kukaza. Bushi mbili elfu hamsini, ufundi elfu arobaini. Nilipomuuliza kwa nini wengine hawafanyi hivyo alisema kuingia na kutoka shimoni kunachukua muda na mteja ana haraka. Mimi nilikuwa nimesimama palepale, nilikuwa na muda.

Mzee, Mungu akuzidishie. Leo alfajiri nilishusha kioo nikapita matuta yote matatu polepole kabisa. Nilisikia adhana na majogoo tu. Kwa jirani taa ilikuwa imezimwa.

Mzee wa Spana, Ilala

Amina mwanangu. Huyo kijana mshike, usimpoteze.

Wishiboni zilitolewa, kwa hiyo peleka alaimenti (kunyoosha tairi) wiki hii, uangalie tairi zisiliwe upande mmoja. Na ukishatembea kama kilomita mia tano, pita kwake akaangalie tena zile bolti, tairi zikiwa chini.